Wajina Wangu Aleesha

Jumatatu, 6 Mei

Mtoto amezaliwa! Msichana. Losana, binti wa marehemu mdogo wangu Apenisa, amejifungua hospitali mjini Labasa, na habari zimefika leo asubuhi na basi la kwanza. Mama mzima, mtoto mzima. Mungu ashukuriwe. Kisha dereva akasema mtoto ameshapewa jina. Aleesha.

Nikamwambia arudie. Akarudia. Nikamwambia alitamke polepole. Akasema ana abiria.

A-lii-sha. I-li-e-sa. Nimekaa na majina haya mawili kutwa nzima, na mtu yeyote mwenye masikio atakubali. Ondoa I, weka A. Ile sa ya mwisho wameilainisha kidogo, kisasa, ikawa sha. Ni jina langu! Jina langu limevaa gauni.

Makereta, mke wangu, alikuwa anamenya mihogo. Akauliza kama Losana mwenyewe ndiye aliyesema hivyo. Nikamwambia mambo mengine hayasemwi, yanaeleweka. Akasema, "Haya." Simpendi Makereta anaposema haya.

Naandika hapa kitu ambacho simwambii mtu. Hakuna mtoto hata mmoja duniani aliyepewa jina langu. Apenisa, Mungu amrehemu, ana wajina kila kijiji cha bonde hili. Ukisimama msibani ukaita "Apenisa!" vichwa vinageuka huku na huku. Ukiita "Iliesa!" nageuka mimi peke yangu. Wanangu wako Auckland, wamezaa, na wajukuu zangu wanaitwa Tyson, Brooklyn na Jaxon. Niliwahi kuuliza kwa simu wajina wa Brooklyn ni nani. Wakasema ni mtaa.

Mtu mwenye wajina hasahauliki. Mtoto anakuita yaca, yaani wajina, nawe unamwita yaca, basi, hakuna cheo kingine kati yenu. Na siku ya karamu ya mtoto unaketishwa kwenye mkeka wa mbele, mtoto anawekwa mapajani mwako, watu wote wanaona. Msichana kupewa jina la mwanamume si ajabu kwetu Fiji. Mimi ni mzee sasa, na mkeka huo nimeutazama miaka yote kutoka nyuma.

Safari hii hapana.

Jumanne, 7 Mei

Balaa. Balaa lina jina: Alisi.

Alisi ni shangazi yake Manasa, na Manasa ndiye baba wa mtoto. Kijiji chao kiko ng'ambo ya mto, nao ni watani wetu tangu enzi za mababu. Maana yake Alisi anaweza kuniambia lolote mbele ya watu, na mimi sheria yangu ni kucheka. Amevuka leo na kikapu cha kaa, anaimba. Amesimama mbele ya duka akatangaza kwamba amepata wajina. A-li-si, A-lii-sha. Eti mkia tu ndio umebadilika.

Nilimweleza kwa upole kwamba amekosea, jina ni langu.

Akanitazama kichwani kwanza. "Wewe Iliesa, jina lako na la mtoto yanafanana kama upara wako na nywele zangu!"

Duka zima likaangua kicheko. Nami nikacheka, utani ni utani.

Tatizo moja. Mtoto wa kwanza, kwa desturi, jina hutoka upande wa baba. Alisi ni upande wa baba. Hilo nalijua. Sikulitaja.

Alhamisi, 9 Mei

Nimekwenda kwa mchungaji na fungu la mizizi ya yaqona, kinywaji chetu cha heshima, nzuri, ya miaka mitano, niliyokuwa nimeitunza kwa ajili ya msiba wangu mwenyewe. Tukaiponda, tukaichuja, tukanywa mabakuli kadhaa kabla sijaingia kwenye shauri. Mambo haya hayataki haraka.

Mchungaji akasema Iliesa ni jina la Kiebrania, la nabii wa Agano la Kale, na maana yake ni Mungu ni wokovu. Sikujua! Nimetembea na jina zito namna hii maisha yangu yote, natumwa kuvua kamba mtoni. Nikamuuliza, na Aleesha? Akajikuna shingo. Hajui. Nikamuuliza kama haiwezekani likawa tawi la Iliesa. Akasema, kwa kuwa mdomo wake ulishakufa ganzi na yaqona, kwamba majina husafiri.

Majina husafiri! Ametamka mtu wa Mungu.

Nikamwomba Jumapili ahubiri habari za nabii huyo, ili kijiji kilisikie jina langu kutoka mimbarini. Amekubali upesi. Mtu mwerevu angejiuliza kwa nini.

Ijumaa, 10 Mei

Alisi ameleta simu. Yaani ameleta mjukuu wake wa sekondari, na mjukuu ameleta simu. Tumekusanyika dukani tena.

Msichana akasoma kwa sauti. Aleesha ni namna ya kisasa ya kuandika Alisha. Alisha limetokana na Alicia. Alicia limetokana na Alice. Na Alice kwa lugha yetu ni nani? "Alisi!" wakajibu watu, kama watoto wa shule. Maana yake, mwenye nasaba bora.

Mngemwona! Alitembea dukani kidevu juu. Alinunua kiberiti kwa nasaba bora. Akaniuliza kama ningependa kumbebea kikapu.

Nikasema simu iendelee kutafuta, ukweli haukai ukurasa mmoja. Msichana akatafuta. Ukurasa wa pili: Alisha ni jina la Kihindi, maana yake ni aliyelindwa na Mungu. Niliruka! Mungu yumo! Iliesa lina Mungu ndani, na Aleesha lina Mungu ndani. Alice halina Mungu, lina nasaba tu. Nikawauliza watu wote, mtoto mchanga anahitaji nini, Mungu au nasaba?

Msichana akasema ukurasa unasema ni la Kihindi, babu, si la Kiebrania. Nikamwambia Wahindi hawamo katika shauri hili.

Ukurasa wa tatu ulisema maana yake ni ukweli. Hapo chaji ikaisha.

Jumapili, 12 Mei

Sitaki kuandika.

Naandika. Nabii yule alifanya makubwa mengi. Aliponya watu. Aligawa maji ya mto. Mchungaji, katika mambo yote hayo, amechagua habari ya upara wake: watoto waliomcheka njiani, na dubu waliotoka msituni kuwararua. Alihubiri kwa hisia. Kila alipotaja upara alitazama upande wangu, sidhani kwa ubaya.

Alisi alikuja kusali kwetu leo makusudi. Alicheka mpaka mzee wa kanisa akanyanyua fimbo yake. Wakati wa kutoka, watoto wote wa kijiji waliningurumia kama dubu.

Makereta akasema angalau sasa jina langu linajulikana.

Jumanne, 14 Mei

Losana amerudi! Yeye na Manasa wanaishi hapahapa kwetu, jirani na kanisa. Nimekwenda kumbeba mtoto kama desturi inavyotaka, na kipande cha kitambaa begani. Nikakuta Alisi amefika, amekalia mto mzuri wa pamba, mtoto mikononi, anamwimbia jina.

Nikasubiri. Nikakohoa. Nikasubiri tena. Mwisho Losana akasema shangazi, mpe na baba mkubwa.

Mtoto mwepesi! Nywele tele, ana uso wa Apenisa kabisa, hasa akikasirika. Alifungua jicho moja akanitazama. Nikaona ananifahamu. Nikamnong'oneza sikioni, "Iliesha, Iliesha," ili azoee. Alisi akainama kwenye sikio la pili akaanza, "Alisia, Alisia." Tukaendelea hivyo kwa muda. Mtoto akatapika maziwa. Kwenye sulu yangu niliyojifunga kiunoni, si kwenye gauni la Alisi, na hiyo nayo ni dalili.

Losana bado amechoka, midomo haina rangi. Alisema, "Baba mkubwa, kuna jambo la jina nataka nikuambie."

Nikamwambia pumzika mwanangu, najua.

"Hujui."

"Najua kabisa," nikasema, nikaondoka kwa haraka ili asijichoshe na maneno. Ana heshima sana mtoto yule. Alitaka kuniambia kwanza, faragha, kabla ya Alisi. Nimetembea mpaka nyumbani nikipiga mluzi.

Alhamisi, 16 Mei

Karamu ni keshokutwa. Nimejitolea kuandika jina la mtoto kwenye kitambaa, litundikwe juu ya uwanja. Manasa akasema asante, mzee. Hakuuliza herufi.

Nimetumia rangi ya bluu iliyobaki kwenye bati la kanisa. Herufi kubwa, mtu azione kutoka mtoni: ILIESHA. Nimefikiria sana. Si Iliesa, nisije nikaonekana mroho. Si Aleesha, maana hapo Alisi anapenya. Iliesha, katikati, haki kwa wote. Atakayeuliza nitasema ni makosa ya brashi.

Rangi imechuruzika kidogo kwenye S. Inasomeka.

Makereta akasimama mlangoni, akasoma, akasema, "Wewe mzee, nyumba ya Losana iko pale. Naiona kutoka hapa. Nenda ukamuulize!" Nikamwambia ukimuuliza mtu unampa nafasi ya kukataa. Akasema, "Haya."

Ijumaa, 17 Mei

Alisi ameagiza keki mjini. Imepita kwenye basi la jioni, ndani ya boksi, imeshikwa na watu wawili. Dereva amenichungulisha. Maandishi ya waridi: ALISIA.

Mwanamke yule hana aibu. Kubadilisha jina la mtoto wa watu!

Jumamosi, 18 Mei

Nitaandika kama ilivyotokea.

Asubuhi nzuri. Shimo la lovo, tanuri letu la mawe ya moto, lilifunguliwa mapema, nguruwe laini, magimbi yameiva mpaka katikati. Kitambaa changu juu kati ya minazi miwili. Keki ya Alisi mezani chini yake. Manasa alikuja, akatazama juu, akatazama chini, kisha akaenda nyuma ya nyumba akakaa huko muda mrefu.

Mkeka wa mbele ulitandikwa. Mpya, pindo lake la nyuzi za rangi zote. Mimi nilikaa karibu nao. Alisi alikaa karibu nao, upande wa pili. Nikasogea kidogo. Naye akasogea kidogo. Nikajifanya nachukua ufagio wa nzi, nikasogea tena. Alisi akadondosha leso yake mbele akaifuata. Watu wetu waliona, wakaanza kusukumana kwa viwiko.

Hapo ikaja teksi kutoka mjini.

Akashuka mwanamke kijana wa Kihindi, kanzu ya kijani na suruali yake, viatu mkononi kwa sababu ya tope. Nyuma yake mumewe, ameshika zawadi. Manasa akakimbia kumpokea. Nikafikiri ni mtu wa kamera. Manasa akamshika mkono, akampitisha katikati ya watu wote, akampeleka moja kwa moja kwenye mkeka wa mbele.

Mimi nilikuwa nimeshaweka tako moja juu ya mkeka. Nililitoa.

Losana akasimama. Mwanamke aliyejifungua majuzi hasimami kuhutubia kwetu, lakini alisimama, na hakuna aliyemkatisha. Akasema usiku ule mto ulipanda juu ya daraja, Manasa akabaki ng'ambo. Damu ilikuwa inamtoka na haikatiki. Huyu nesi zamu yake ilikuwa imekwisha, mkoba uko begani. Akautua. Alikaa naye mpaka kukapambazuka, akampapasa kichwa, akamzuia asilale.

"Nilimuuliza jina lake," Losana akasema, "kwa sababu nilidhani nakufa, na nilitaka nimjue mtu aliyenishika mkono. Akaniambia, naitwa Aleesha. Nikamwambia kama nikiamka, na mtoto wangu ataitwa hivyo."

 

Akachukua mtoto akamweka mapajani mwa yule nesi. Nesi hakujua afanye nini na mikono yake. Losana akamwambia wewe sasa ni yaca wake, na yeye ni yaca wako, mpaka mwisho. Nesi akalia. Mumewe akalia. Makereta wangu, asiyelia hata kwa vitunguu, alilia.

Iliniuma. Siwezi kusema haikuniuma. Niliuona mkeka ule karibu namna ile, mkono wangu ungeweza kuugusa, na haukuwa wangu. Na wakati huohuo nilitaka kumbusu yule mwanamke mikono, kwa sababu ile damu aliyoizuia ni damu ya Apenisa. Sikujua nifanye lipi, nikatazama chini. Machozi yakanitoka. Alisi akanipa leso yake. Ilikuwa imeshatumika. Nikaitumia.

"Mtani," akaninong'oneza, "tumeumbuka."

Nikamwambia sana.

Wakati wa kula nesi alikuja kuwasalimu wazee. Akanyoosha kidole juu, akaniuliza kwa adabu ILIESHA maana yake nini. Nikamwambia ni "karibu" kwa lahaja ya kwetu. Akafurahi, akasimama chini ya kitambaa na mumewe, wakapigwa picha. Nikamuuliza jina lake yeye lilitoka wapi. Akasema baba yake alilipenda tu lilivyosikika. Maana yake hajawahi kuuliza.

Losana akaja akaketi karibu yangu. "Baba mkubwa, ulisema unajua."

Nikasema nilijua nusu. Akaniegemea begani kama alivyokuwa akifanya zamani, na nilishukuru.

Alisi alikata keki yake. Akaniletea kipande chenye herufi mbili, L na I. Akasema kula, hizi ziko kwako na ziko kwangu. Keki kavu, lakini nilimaliza.

Jumatatu, 20 Mei

Asubuhi Makereta ameniuliza kama nimejifunza kitu. Nimemjibu ndiyo, tena kikubwa. Kosa langu lilikuwa kuchelewa. Jina lilikuwa limeshatoka hospitali! Shauri la namna hii lianze mapema, mtoto akiwa bado tumboni.

Maana niliona Jumamosi, na sidhani kuna mwingine aliyeona. Ile kanzu ya kijani ilikuwa imetuna mbele. Nilimuuliza nesi kwa adabu, wakati namsindikiza kwenye teksi, ni lini. Akasema Oktoba. Nikamuuliza jina je. Akasema bado, kwao hutazamwa kwanza saa ya kuzaliwa, halafu pandit, kuhani wao, ndiye anayetoa herufi ya mwanzo, na jina linatafutwa kutoka hapo. Nikamuuliza pandit wao anakaa wapi. Hivihivi tu, mazungumzo. Anakaa barabara ya kiwanda cha sukari, nyumba yenye mlango mwekundu.

Makereta alisema Wahindi wana taratibu zao, niwaache watu wa watu. Nikamwambia simwombi pandit jina zima. Namwomba herufi moja tu, na I ni herufi kama nyingine. Hakusema haya. Alirudi ndani akafunga mlango.

Nimechimba magimbi mawili makubwa, nimechukua na yaqona kidogo, sijui kama mtu wa dini yao anakunywa. Kituoni nikamkuta Alisi. Kikapu kimefunikwa, gauni la kanisani, siku ya Jumatatu. Akaniuliza naenda wapi. Nikasema kwa daktari wa meno. Akasema, mtani, hata mimi.

Tumekaa kiti kimoja, hatukuzungumza meno. Tumeshuka kituo kimoja. Tumetembea barabara moja, yeye upande wake na mimi upande wangu, mpaka mlango mwekundu.

Lakini mimi ndiye niliyetangulia kupiga hodi.